Chambo cha Dakika Nne

Jumatatu, 4 Machi

Kiti changu kimeshuka. Ijumaa nilikiacha kikiwa juu sawasawa. Leo nimekaa, kidevu kikagusa meza. Kiti hakishuki chenyewe. Kuna mtu amekikalia, na mtu huyo ni mfupi. Jirani ni mfupi.

Jirani ni mhariri wa chumba cha pili, tumetenganishwa na ukuta mmoja tu. Mama wa makamo, miwani kwenye kamba, raba miguuni. Hutembea asisikike. Mtu mwenye nia safi anatembea na unamsikia, bwana!

Nimeanza shajara hii leo kwa sababu mambo yamekuwa mazito na lazima yaandikwe mahali. Miaka ishirini na mbili nahariri filamu za watu wa kweli, zisizo na waigizaji. Naletewa watu waliorekodiwa saa sitini, mimi natoa saa moja yenye akili. Nani anajua? Hakuna. Mama mkwe kila filamu hukaa mbele ya televisheni akinitafuta sura. Ikiisha husema hakuniona, labda wamenikata. Baba mkwe aniita kinyozi wa picha. Na jina langu miaka yote hiyo limepita mwishoni, la pili, chini ya jina la mtu mwingine, kwa herufi za ukubwa wa sisimizi.

Sasa kampuni imepata kazi kubwa: vipindi kumi na viwili kuhusu masoko. Mhariri mkuu mmoja tu. Ni mimi au Jirani. Mwongozaji ataamua Ijumaa ya tarehe 15, baada ya kuonyeshwa filamu ninayoimalizia. Nina miaka hamsini na mmoja. Nikiikosa hii, basi tena.

Filamu inamhusu Mzee wa Mizani. Anazunguka madukani na magengeni akipima mizani za watu, kilo iwe kilo. Mkali kama pilipili. Lakini ndani yake kuna kipande kimoja, mama yangu! Mzee yuko nyumbani. Anatoa kabatini jiwe ambalo marehemu mkewe alipimia vitunguu maisha yake yote, eti nusu kilo. Analiweka juu ya mizani yake. Mshale unatetema, unatulia. Pungufu gramu thelathini. Alijua siku zote! Mtu aliyewafungia maduka wenzake hakuwahi kumwambia mkewe. Anacheka kidogo, analifuta jiwe kwa shati, analirudisha. Sekunde arobaini na moja, hakuna neno. Nimekikata mwenyewe. Sijawahi kukata kitu kizuri namna hiyo, na kila nikikiona nakirudisha mwanzo.

Kwa hiyo lazima kilindwe. Mwongozaji anakuja keshokutwa kuangalia, na mwongozaji hawezi kuondoka bila kutoa kitu, asije akaonekana hakufanya kazi. Dawa ninayo. Nimemwekea chambo. Mpigapicha alisahau kuzima kamera siku moja, akatembea nayo imening'inia, ikapiga viatu vyake mwenyewe. Dakika nne za viatu. Nimezipachika katikati ya filamu. Ataziona, atapiga kelele, atasema toa, nitatoa kwa huzuni, na jiwe litabaki salama. Hila hii nimeigundua mwenyewe. Haijui mtu.

Jumanne, 5 Machi

Asubuhi kwenye birika la chai Jirani kaniuliza nimefikia wapi. Eti salamu tu. Nikamwambia nimefikia mbali. Akauliza mbali kiasi gani. Mnaona? Nikamwambia mbali kiasi cha kutosha. Akasema haya kaka, kazi njema, akaenda zake na kikombe. Hakutia sukari. Mtu asiyetia sukari anafikiria kitu kingine.

Nimeweka unywele mlangoni, kwa mate, kama wapelelezi. Nilipobandua kidole, unywele nao ukabanduka. Mara tatu. Unywele wa nne sikuupata, upara nao umefika.

Nikabadilisha neno la siri la kompyuta. Neno gumu, la herufi na namba, asilolikisia hata aliyenizaa. Nikatoka kula. Nikarudi. Sikulikumbuka. Saa tatu nzima! Nimejaribu tarehe ya harusi, nikagundua na hiyo siikumbuki vizuri. Nikampigia mke wangu. Akaniuliza kwa nini naulizia tarehe ya harusi saa nane mchana siku ya kazi, nina jambo gani. Akanishuku! Nyumba yangu mwenyewe!

Mwishowe Jirani ndiye aliyenisaidia. Kapita, kaona natokwa jasho, kaniambia nitazame chini ya kibodi. Nilikuwa nimeliandika kwenye karatasi na kulibandika hapo. Swali: yeye alijuaje?

Jumatano, 6 Machi

Msiba.

Mwongozaji kaja saa nne. Sisi tunamwita Bi Tena, kwa sababu ukimwonyesha kipande chochote husema tena, nawe urudie. Mama mzito, mpole wa sauti, macho hayafumbi. Kakaa nyuma yangu na daftari. Filamu ikaanza. Viatu vikafika. Nikajiandaa kusikitika.

Kimya. Dakika ya kwanza, kimya. Ya pili. Ya nne ikaisha, akasema: tena.

Nikarudisha. Akasogeza kiti mbele. Kisha akasema, kwa sauti ileile ya upole, kwamba viatu hivi vimemgusa. Kwamba ndiyo safari yenyewe ya Mzee. Nikamwambia taratibu kwamba viatu si vya Mzee, ni vya Mpigapicha. Akasema tena bora, ndivyo sisi sote tunavyotembea katika viatu vya wenzetu. Akaandika.

Halafu likaja jiwe. Sekunde arobaini na moja nimeshika pumzi. Akafunga daftari, akasema hili la jiwe anaona linachelewesha, litoke. Akanitazama. Mimi nikatazama kibodi. Akanitazama tena, kama anayengoja basi. Nikasema sawa, mama.

Salaale! Mwongozaji mwenye miaka thelathini ya kazi hawezi kupenda viatu vya Mpigapicha bila kuambiwa avipende. Kuna mtu kamwambia. Lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Na saa saba nimewaona kwa macho yangu, Bi Tena na Jirani, kwenye ngazi, wanacheka. Watu wazima wanacheka nini kwenye ngazi?

Ijumaa, 8 Machi

Nimekaa siku mbili nikifikiri. Jibu: chambo kilikuwa kidogo. Sasa nimeweka vitatu. Cha kwanza, pazia linapeperuka dakika moja na nusu. Cha pili, muuza duka anahojiwa akiwa ametupa kisogo, kwa sababu Mpigapicha alikwenda kununua betri. Cha tatu, kiti cha plastiki. Hakuna mtu. Kiti tu. Mtu mwenye akili timamu lazima atoe kimoja, na akitoa kimoja atashiba.

Bi Tena kaja saa tano. Pazia: kasema linapumua. Kisogo: kasema ndivyo taifa linavyotugeuzia mgongo. Kiti: kauliza kama ninacho kirefu zaidi.

Ninacho. Dakika sita.

Kila kimoja kasifia huku ananitazama mimi, si picha. Nikamwona. Nikajifanya napangusa kioo. Alipoondoka filamu ina dakika hamsini na mbili, na humo Mzee wa Mizani yumo dakika thelathini. Zinazobaki ni viatu, pazia, kisogo na kiti. Na mwishoni, kwa herufi kubwa, itaandikwa mhariri ni mimi. Mama mkwe atanitafuta kwenye kile kiti.

Kikulacho ki nguoni mwako. Nimekipima kiti changu kwa rula kabla sijatoka.

Jumamosi, 9 Machi

Nimekuja ofisini peke yangu. Jengo tupu. Nimepata ushahidi!

Watu hawajui jambo moja kuhusu kipaza sauti kidogo kile cha kubana kwenye kola: mwenyewe hukisahau. Bi Tena alikivaa siku zote za kurekodi, kikasikia kila kitu, na kila kitu kiko kwenye mashine yangu. Saa tisa nzima za maneno ambayo hakudhani mtu atayasikiliza. Nimeyasikiliza. Nimeanza asubuhi, nimemaliza masikio yamekuwa kama maandazi.

Mwanzoni sikupata neno juu yangu. Hilo lenyewe linatia shaka. Mtu anaongea saa tisa nzima asimtaje mhariri wake hata mara moja? Basi nikaanza kukusanya. Siku ya tatu ya kurekodi, asubuhi, anasema: huyu hafai kabisa. Siku ya tano anasema: miaka yote hii, na bado. Siku ya saba, kwa ukali: mwambieni aondoke. Nikavitoa vipande vitatu. Nikaviweka pamoja. Nikasawazisha sauti, nikafuta mlio wa pikipiki, nikaongeza pumzi kidogo kati ya cha kwanza na cha pili ili isikike ya kawaida. Nikabonyeza.

Huyu hafai kabisa. Miaka yote hii, na bado. Mwambieni aondoke.

Nimelia. Sioni aibu kuandika. Miaka ishirini na mbili, halafu mtu asema hivyo kwa sauti tulivu namna ile! Najua vipande nimeviunga mwenyewe. Lakini vimeungana vizuri mno kuwa uongo. Kitu cha uongo kingekwaruza mahali.

Nimekitia kwenye simu. Siku ya kuonyesha filamu, mwenye kampuni akiwepo, kitasikika.

Jumapili, 10 Machi

Nimemsikilizisha mke wangu. Yeye ni nesi, hana subira na ugonjwa usioonekana. Kasikiliza akiwa anakunja nguo. Akauliza: haya maneno aliyasema kwa mpigo mmoja? Nikasema hapana, siku ya tatu, ya tano na ya saba. Akauliza: nani ameyaunga? Nikasema mimi. Akaendelea kukunja nguo.

Nikamweleza kwamba yeye si mtu wa fani. Akasema kweli, yeye ni mtu wa kuchoma sindano, ila anajua kitu kimoja. Akaniuliza hilo jiwe ninalolilia kila siku mezani, nimemwambia mwenyewe huyo mama kwamba nalipenda? Kwa mdomo? Nikamwambia mambo hayaendi hivyo, ukimwonyesha mwongozaji unachokipenda umempa kisu. Akasema mficha uchi hazai, mume wangu. Nenda kesho ukamwambie: mama, naipenda picha hii, naomba ibaki. Maneno sita, kasema. Nimehesabu, ni sita kweli.

Sasa nani kamfundisha hayo? Wiki iliyopita alikutana na Jirani hospitali, Jirani kampeleka mamaye. Waliongea. Kasema waliongea habari za presha.

Jumatatu, 11 Machi

Mpango mpya, na huu hauna tundu. Bi Tena anapenda takataka. Basi jiwe liwe takataka! Nimelirudisha kwenye filamu bila ruhusa, nikamwita, na lilipotokea nikajipiga kofi la paja. Lo! Samahani mama, nimelisahau humu, kosa langu, lipite tu, baya sana hili.

Kaliangalia lote. Nilimwona kwenye kioo cha skrini, macho yamelowa. Naapa yamelowa! Nikasema moyoni, ameingia. Akapangusa macho, akaniuliza: kwa hiyo ni kosa? Nikasema kosa tupu. Akauliza: huoni chochote ndani yake? Nikasema mawe tu, mama, mawe na mzee.

Akakaa. Akapumua. Akasema kama mimi mwenyewe naona ni kosa, yeye ni nani, litoke.

Nimelitoa. Mkono ulikuwa mzito kama wa mtu mwingine. Nimekwenda chooni, nimefungulia bomba nisisikike.

Jumanne, 12 Machi

Jirani kabisha hodi. Hakubisha zamani. Kaingia, kafunga mlango, kakaa kwenye meza yangu, juu ya karatasi zangu, na kaniambia maneno ambayo nayaandika yote ili yaje kutumika.

Kasema: kaka, acha viatu. Kasema chambo kila mhariri anakijua, hata waliokufa. Kasema Bi Tena mwenyewe alikuwa mhariri miaka tisa kabla hajawa mwongozaji, na ndiye aliyemfundisha yeye Jirani hila hiyo, katika chumba hikihiki. Kasema anapokiona chambo hukipenda makusudi, aone mhariri ataumia mpaka lini ndipo aseme. Wengi husema siku ya pili. Yeye Jirani alisema siku ya tatu, juu ya filamu ya mbwa. Hajawahi kuona mtu akafika siku ya saba na kiti cha plastiki.

Kisha akasema amechungulia kile kipande cha jiwe nilipokuwa nimetoka kula. Amechungulia! Kasema mwenyewe! Kasema kimemfanya ampigie simu mumewe. Nimwambie Bi Tena nalitaka libaki, au kama naona haya, amwambie yeye?

Nilikuwa karibu. Ulimi ulishafika mlangoni. Halafu nikajiuliza: mtu anayegombea kazi nami anisaidie nini? Kaka, kaka, kaka. Mwenye nia njema hakuiti kaka kila mara! Nikamwambia asante dada, lakini viatu nimeviweka kwa sababu navipenda. Navipenda sana.

Akaniangalia kama mke wangu anavyoangalia jeraha lililofungwa na kitambaa kichafu. Akashuka mezani, akaondoka. Raba hazikusikika.

Jumatano, 13 Machi

Bi Tena kaja peke yake, bila daftari. Bila daftari ni hatari zaidi. Hakutaka kuona filamu. Kaniuliza jambo moja tu: katika filamu yote hii, kuna picha yoyote ambayo ningeipigania? Hata moja? Akasema nijibu taratibu, hana haraka, ameghairi mkutano.

Mtego ulio wazi hivi sijawahi kuuona. Nikisema jiwe, atasema kumbe juzi ulinidanganya. Nikisema viatu, nimejifunga kwa viatu milele. Nikatazama dari. Nikatazama kiti, kimeshuka tena, nusu inchi kwa rula. Akangoja. Feni ikazunguka. Angeweza kungoja mpaka kiama mama yule.

Nikasema: hapana mama, hakuna. Zote ni zako.

Akasimama. Akaweka mkono begani kwangu, akauacha hapo kidogo, akasema sawa. Ila alisema kama mtu aliyepewa majibu ya daktari. Nimeshinda, nadhani. Sijisikii vizuri.

Alhamisi, 14 Machi

Bi Tena kaichukua diski ya filamu. Kasema anataka kuangalia sauti. Dakika kumi baadaye nimechungulia tundu la kitasa cha Jirani: diski iko mezani kwake, yeye kavaa miwani. Wananihujumu mchana kweupe! Siku moja kabla! Nimebandika sikio ukutani. Nimesikia kimya tu. Halafu mtu akapenga kamasi.

Simu ina chaji asilimia mia moja. Ushahidi uko tayari.

Ijumaa, 15 Machi

Niandike kwa mpangilio.

Ukumbi mdogo wa chini, viti arobaini. Mwenye kampuni mstari wa mbele. Mzee wa Mizani kaalikwa, kavaa koti, kakaa kama anayengoja hukumu. Mke wangu nyuma, kaja na mama mkwe, ambaye kavaa miwani yake ya mbali tayari kunitafuta. Mimi mwisho kabisa, karibu na mlango, kidole kwenye simu. Viatu vikitokea tu, nasimama.

Filamu ikaanza. Nikangoja viatu. Havikuja. Pazia halikuja. Kisogo, kiti, hakuna! Filamu yangu, ile niliyoikata mwanzoni kabla ya vyambo, ikatembea mbele yangu kama mtu uliyedhani amekufa. Kila mkato wangu mahali pake. Halafu Mzee akafungua kabati.

Jiwe.

Mshale ukatetema, ukatulia. Pungufu gramu thelathini. Sekunde arobaini na moja, hakuna aliyekohoa. Mzee wa Mizani mwenyewe, pale kwenye kiti chake, akaanza kucheka vilevile anavyocheka kwenye picha, halafu akafunika uso kwa kofia. Baadaye alisema, kwa wote: nilimfichia mke wangu miaka thelathini na minne, leo nimemwambia, na nyinyi mmesikia. Akasema ahsanteni. Nikalia kwa sauti. Mama mkwe akageuka, akaniona, akaniambia kwa nguvu ukumbi mzima usikie: leo nimekuona!

Mwisho, jina. Mhariri: mimi. Peke yake. Skrini nyeusi nzima, sekunde nne. Nimezihesabu.

Nikamfuata Bi Tena kwenye ngazi. Ningeshukuru. Nilitaka kushukuru! Lakini mdomo ukasema mbona diski yangu ilikuwa kwa Jirani. Akasema Jirani ameondoa viatu na takataka zangu zote, akarudisha jiwe, hakugusa kingine. Bi Tena alimwambia aweke jina lake pia, Jirani kakataa. Alisema aliyekata jiwe ni mmoja, wa kulirudisha ni mpagazi tu.

Hapo nikachanganyikiwa, nikatoa simu. Nikamsikilizisha ushahidi. Huyu hafai kabisa. Miaka yote hii, na bado. Mwambieni aondoke. Kasikiliza, kichwa kainamisha. Akasema: tena. Nikarudia. Akaanza kucheka mpaka akashika ukuta. Hafai ni mwavuli uliovunjika. Miaka yote hii ni ndoa ya Mzee. Aondoke ni mtu mmoja aliyesimama nyuma ya picha akila muwa. Kisha akajifuta machozi, akasema kwa heshima kabisa kwamba mkato ni mzuri, hakusikia hata ulipoungwa.

Halafu akaacha kucheka. Akaniambia kazi ya masoko kampa Jirani. Akasema mkono wangu ndio bora katika jengo hili na haoni aibu kuniambia. Lakini mhariri mkuu lazima aweze kumwambia yeye hapana usoni, naye alinipa siku kumi na maswali yote aliyonayo, nikamwambia zote ni zako. Akasema iliniuma, kaka. Aliumia yeye! Wahariri watakuwa wawili, mkuu na wa pili. Jirani ameniomba mimi. Alipoulizwa kama ana uhakika alisema hafanyi bila mimi.

Nyumbani mke wangu hakusema nilikuambia. Kanipikia, kanikalisha. Nikamwambia nimejifunza. Toka leo moyoni na mdomoni kitu kimoja. Akanishika mkono. Tukakaa hivyo, na kwa mara ya kwanza wiki hizi mbili nikalala usingizi wa mtoto.

Jumatatu, 18 Machi

Mkutano wa kwanza wa masoko. Bi Tena, Jirani, mimi. Tumeangalia picha za siku ya kwanza ya kurekodi. Nyingi za kawaida. Lakini moja, jamani! Mfagiaji, mama mwembamba, alfajiri soko halijafunguliwa. Anafagia, anafika kwenye kigoda cha muuzaji mmoja, kimelala ubavu. Anaacha ufagio, anakisimamisha, anakifuta, anakigeuza kielekee mlangoni, kama mwenyewe yuko njiani. Anaendelea kufagia. Nikaangalia chini nisionekane.

Bi Tena akafungua daftari. Akasema safari hii tunaanza vizuri. Akanigeukia. Akasema baada ya lile jiwe ameapa kuniamini: picha yoyote nitakayoitaja leo, hataigusa, na ndiyo itakayofungua kila kipindi. Nitaje tu ile niipendayo.

Jirani akatingisha kichwa akitabasamu, kama anayemhimiza mtoto apande ngazi.

Na hapo nikaona. Kwa nini anatabasamu? Kwa nini wananiuliza mimi wa pili kabla ya mkuu? Kwa nini mbele ya mtu aliyeniomba kwa jina, jambo ambalo hata leo hajanieleza sababu yake? Ukimwonyesha mwongozaji unachokipenda umempa kisu, na hapa walikuwa wawili. Mfagiaji lazima afichwe. Nitamwingiza taratibu, kipindi cha tano au cha sita, wakiwa wamelegea.

Nikataja ile niliyoichukia kuliko zote. Yule mwanamume anayepiga miayo mbele ya duka la ndoo, sekunde ishirini, mdomo wazi, jino moja halipo. Nikasema mama, naipenda picha hii, naomba ibaki. Maneno sita, kama nilivyofundishwa. Nilisema kwa hisia.

Bi Tena akaganda. Akauliza nina hakika? Nikasema nitaipigania. Akashusha pumzi, akaandika, akapiga mstari chini. Miayo itafungua vipindi vyote kumi na viwili. Ahadi ni ahadi, kasema. Na kwa kuwa mwanzo umeshapatikana, picha za alfajiri zote zifutwe, diski zimejaa.

Jirani kashika kichwa kwa mikono miwili. Kakishika mapema mno. Yule alijua.